Mtangazaji wa mpira wa kanda Uingereza: kazi iliyozaliwa na ramani

Swali la msomaji: "Shikamoo mwalimu. Nikisoma habari za watangazaji wa zamani wa mpira wa Uingereza nakuta wengi wanatajwa kama 'mtangazaji wa kanda': Hugh Johns, Gerald Sinstadt, John Helm, na hata Martin Tyler inasemekana alipitia huko. Hiyo kanda ni nini hasa? Walikuwa watangazaji wa daraja la pili waliokuwa wanangoja nafasi London, au ilikuwa kazi inayojitegemea? Na je, leo mtu anaweza kupita njia ile ile?"

Marahaba. Umeuliza maswali matatu kwa mpigo, nami nitaanza na la katikati kwa sababu ndilo linalopotoshwa zaidi. Hapana, hawakuwa daraja la pili. Mtangazaji wa kanda alikuwa na mechi yake, kipindi chake, na watazamaji walioitambua sauti yake kabla hawajaitazama skrini. Wapo waliotoka huko wakapanda, na wapo waliokaa huko maisha yao yote ya kazi kwa hiari yao. Vipaji vilikuwepo, lakini kilichowapa kazi kilikuwa ramani ya leseni za televisheni. Ramani ile ilipobadilishwa, kazi ikaondoka nayo, hata kama vipaji vilibaki palepale.

Kwa hiyo tuianze ramani. BBC, kwa sehemu kubwa, ilizungumza na nchi nzima kwa sauti moja kutoka London. ITV, televisheni ya kibiashara, ilipoanza kurusha matangazo tarehe 22 Septemba 1955 haikuwa kituo kimoja. Ilikuwa muungano wa kampuni, kila moja ikiwa na leseni ya eneo lake; eneo hilo la leseni ndilo kanda. Mwaka 1956 ATV na Granada zilianza kurusha katika kanda hizi, ya kwanza ikihudumia Midlands, yaani maeneo ya katikati kuzunguka Birmingham, ya pili ikihudumia kaskazini, Manchester na Liverpool zikiwemo. Tyne Tees ikaanza Newcastle Januari 1959, na Anglia ikafuata Norwich Oktoba mwaka huohuo. Yorkshire ilipata kampuni yake Julai 1968. Kufikia hapo zilikuwa kampuni 15, kila moja na studio yake, kamera zake, chumba chake cha habari na wajibu wake kwa watu wa eneo lake. Leseni ilikuwa na mwisho. Muda ukifika, kampuni iliulizwa imewafanyia nini watu wake, na kampuni iliyokosa jibu ingeweza kunyang'anywa. Kuonyesha timu ya nyumbani kila wiki lilikuwa jibu ambalo hakuna mkaguzi angelipinga.

Ndiyo maana kanda zilitangulia. Wengi wanaamini kipindi cha kila wiki cha mechi zilizorekodiwa kililetwa na BBC kupitia Match of the Day, kilichoanza tarehe 22 Agosti 1964 kwa Liverpool kuifunga Arsenal 3-2 pale Anfield. Lakini Anglia ilikuwa na kipindi chake tangu 1962, na haikuwa kwa bahati: Ipswich Town, timu ya eneo lake, ilikuwa imetoka kutwaa ubingwa wa ligi chini ya Alf Ramsey. Televisheni ya nchi nzima ilikuwa bado inajiuliza kama jambo hilo lingewezekana, na kampuni ndogo ya mashariki ilikuwa imeshatuma kamera uwanjani.

Wikiendi ilikwenda hivi. Jumamosi kampuni ilirekodi mechi ya eneo lake. Mechi ikahaririwa, na Jumapili mchana watu wa kanda wakaiona. Baada ya mechi hiyo ya nyumbani vilifuata vipande vifupi vya mechi mbili za kanda nyingine, kila kimoja na sauti ya mtangazaji wa huko. Mtu wa London aliyekaa kutazama The Big Match, kipindi cha kanda ya London kilichoanza 1968 kikiongozwa na Brian Moore, alimsikia Johns kwa dakika chache kutoka Midlands, kisha Sinstadt kutoka kaskazini-magharibi. Hivyo watu hawa walikuwa wa nyumbani na wakati huohuo walijulikana nchi nzima. Mfumo ule uliwapa vyote viwili bila kuwahamisha, na sijaona mfumo mwingine uliofanya hivyo vizuri kiasi kile.

Sasa tuiangalie kazi yenyewe kwa karibu, maana hapa ndipo utaelewa kwa nini mtu wa London asingeweza kuifanya kwa kushuka na treni ya asubuhi. Mchezaji wa wakati ule hakuwa na jina mgongoni, wala namba yake haikuwa yake. Namba za kudumu kwa msimu mzima zilikuja Ligi Kuu ya Uingereza mwaka 1993. Kabla ya hapo waliovaa 1 hadi 11 ni wale walioanza siku hiyo. Wiki hii kiungo anavaa 4, beki akiumia yeye huyohuyo wiki ijayo anavaa 6. Sasa weka Januari, mvua, uwanja ambao majani yamebaki kwenye kona tu, na kipindi cha pili ambacho jezi zote zimekuwa rangi moja ya tope. Mtangazaji yuko juu kwenye jukwaa la kamera, pengine juu ya paa la jukwaa la watazamaji, upepo unampiga usoni. Anamjua mchezaji kwa namna anavyokimbia, kwa bega moja lililoshuka, kwa soksi zisizokaa juu, kwa mguu anaopendelea kuwekea mpira. Ujuzi huo haupatikani kwenye karatasi ya majina. Unapatikana kwa kuwaona watu walewale wiki baada ya wiki, uwanjani na mazoezini.

Na kuna jambo la kuhariri. Mtangazaji wa mechi itakayokatwa hasemi kama mtangazaji wa mubashara. Akianza hadithi ndefu dakika ya 20 na bao likafungwa katikati yake, mhariri atafanya nini? Kwa hiyo walijifunza kusema sentensi zinazosimama zenyewe. Jina, tendo, kimya. Jina, tendo, kimya. Wengi wanaosikiliza rekodi zile leo husifu utulivu wake wakidhani ni tabia za watu wa zamani. Sehemu kubwa ilikuwa mahitaji ya mkasi.

Gumu zaidi lilikuwa ujirani. Mtangazaji wa kanda alimkosoa kipa Jumapili, na Alhamisi akaenda kumwomba kocha wa kipa huyohuyo mahojiano. Hakuwa na pa kujificha. Mwenzake wa kitaifa angeweza kutoonekana mjini hapo hadi msimu ujao. Kuna waliogeuka wapiga debe wa timu za nyumbani, na rekodi zao hazisikiliziki tena. Waliodumu ni wale waliosema kosa kuwa kosa bila kulifanya tusi. Mimi nadhani ujirani huo uliwanoa kuliko shule yoyote, kwa sababu anayejua atakutana na mtu usoni huchagua maneno yake kwa uangalifu.

Hugh Johns ndiye mfano ninaoupenda. Alikuwa mtu wa magazeti kabla ya kuwa sauti ya ATV na kipindi chake cha Star Soccer. Sauti yake ilikuwa nzito, yenye mkwaruzo. Eneo lake lilikuwa na Aston Villa, Wolves, West Brom, Birmingham City, Stoke, Derby na Nottingham Forest, na yeye ndiye aliyekuwa akizifuata timu hizo katika miaka ambayo Derby ilitwaa ubingwa 1972 na 1975, na Forest 1978. Lakini pia alitangaza fainali nne za Kombe la Dunia kwa ITV, kuanzia ile ya 1966. Mtu wa kanda, fainali nne!

Hiyo ya 1966 inafundisha kitu. Dakika za mwisho pale Wembley, England wanaongoza 3-2 dhidi ya Ujerumani Magharibi, Geoff Hurst anakimbia na mpira, watazamaji wameanza kuingia uwanjani. Kwenye BBC, Kenneth Wolstenholme aliwatazama watazamaji hao akasema wanadhani mechi imekwisha, kisha mpira ulipoingia akasema sasa imekwisha kweli. Maneno hayo yamekuwa maarufu kuliko mechi yenyewe. Johns kwenye ITV alimtazama Hurst. Alisema, kwa Kiswahili chetu, huyu hapa Hurst, huenda akafunga la tatu, kisha: amefunga! Mwandishi wa magazeti ndani yake alikuwa anahesabu. Mabao matatu ya mtu mmoja katika fainali ya Kombe la Dunia ya wanaume hayakuwa yamewahi kutokea, na hayakutokea tena hadi Kylian Mbappé alipofunga matatu tarehe 18 Desemba 2022. Wolstenholme alitupa picha. Johns alitupa habari. Waliokuwa wakitazama BBC walikuwa wengi zaidi, ndiyo maana unakumbuka moja na si nyingine, lakini kama ningekuwa nafundisha darasa la utangazaji ningeanza na ya Johns.

Mfano wa pili ni Gerald Sinstadt wa Granada, aliyekuwa sauti ya kaskazini-magharibi tangu 1969 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1980. Tarehe 30 Desemba 1978 alikuwa Old Trafford, Manchester United dhidi ya West Bromwich Albion. West Brom walikuwa na wachezaji watatu weusi, Cyrille Regis, Laurie Cunningham na Brendon Batson, wakati ambapo jambo hilo lilikuwa nadra katika timu moja ya daraja la juu. Kila walipogusa mpira, sehemu ya watazamaji iliwazomea. Kuzomewa huko kulikuwa kwa kawaida katika viwanja vya nchi ile, na desturi ya watangazaji ilikuwa kupita juu yake kana kwamba kipaza sauti hakiwezi kukunasa. Sinstadt alikutaja kuzomewa huko. Aliwaambia watazamaji kwamba wachezaji weusi wanazomewa, na katika sauti yake ulisikia kwamba hakubaliani nako. Cunningham aliendelea kuwapita mabeki wa United kama hawapo. West Brom walishinda 5-3, Cunningham na Regis wakiwa miongoni mwa wafungaji.

Fikiria alikuwa anaongea na nani. Alikuwa anawatajia watu wa Manchester kile walichokifanya wao wenyewe, katika kipindi chao wenyewe, Jumapili mchana. Mgeni kutoka London angesema maneno hayohayo, wangeweza kumwita mgeni asiyewaelewa. Kwa Sinstadt hawakuwa na njia hiyo ya kutokea.

Wa tatu siwezi kumtaja bila uzito, nawe uusome polepole. John Helm ni mzaliwa wa Baildon, jirani kabisa na Bradford. Jumamosi tarehe 11 Mei 1985 alikuwa akitangaza kwa Yorkshire Television mechi ya Bradford City na Lincoln City pale Valley Parade. Ilikuwa siku ya sherehe. Bradford walikuwa wameshatwaa ubingwa wa Daraja la Tatu na walikabidhiwa kombe kabla ya mechi. Hakuna televisheni ya taifa ambayo ingepeleka kamera kwa mechi ya Daraja la Tatu isiyo na la kuamua. Kamera zilikuwepo kwa sababu ile ilikuwa furaha ya watu wa Yorkshire, na Yorkshire ilikuwa na kampuni yake.

Karibu na mapumziko moto ulianza chini ya jukwaa kuu, lililokuwa la mbao, mahali ambapo takataka zilikuwa zimejikusanya kwa miaka. Katika muda wa dakika chache jukwaa lote lilikuwa linawaka. Watu 56 walifariki na mamia walijeruhiwa. Helm alikuwa na kipaza sauti mkononi na chini yake watu wa mji wake. Alieleza alichokiona kwa maneno machache, hakupiga kelele ya kutafuta athari, hakukisia idadi, wala hakumtafuta wa kumlaumu. Picha zile zilionekana nchi nzima alasiri ileile, na baadaye zikasaidia tume ya uchunguzi ya Jaji Popplewell kufuatilia jinsi moto ulivyoenea. Sheria ya usalama wa viwanja dhidi ya moto ilifuata mwaka 1987. Mtu akiniuliza mtangazaji wa kanda alikuwa na faida gani, naanza na alasiri hiyo. Alikuwepo kwa sababu mechi ilikuwa ndogo, na alijua aseme nini kwa sababu alijua anawasemea akina nani.

Uliuliza pia kama kanda ilikuwa ngazi ya kupandia. Kwa baadhi, ndiyo. Tyler, uliyemtaja, alianza kama mwandishi na msaidizi nyuma ya pazia la The Big Match, kisha tarehe 28 Desemba 1974 akatangaza mechi yake ya kwanza, Southampton na Sheffield Wednesday, kwa Southern Television. Akahamia Yorkshire, akahamia Granada, na mwaka 1982 akiwa na miaka 36 ndiye aliyetangaza fainali ya Kombe la Dunia kwa ITV, Italia na Ujerumani Magharibi. Hesabu tu kanda alizopita kabla ya hapo: kusini, Yorkshire, kaskazini-magharibi. Kila kanda ilimpa timu mpya za kujifunza kuanzia sifuri.

Lakini mwendo ulikuwepo pia wa upande wa pili, na huo husahauliwa. Wolstenholme mwenyewe, sauti ya 1966, aliondoka BBC mwaka 1971, na baadaye katika miaka hiyohiyo ya 1970 akawa anatangaza mechi za Tyne Tees, huko kaskazini-mashariki. Aliyetangaza ubingwa wa dunia alikwenda kutangaza Newcastle, Sunderland na Middlesbrough. Kama kanda ingekuwa jalala la walioshindwa, asingekwenda.

Scotland lilikuwa jambo la pekee, kwa sababu kanda ile ilikuwa taifa. Arthur Montford aliongoza Scotsport ya Scottish Television tangu kipindi kilipoanza 1957, akakaa nacho zaidi ya miaka 30. Kwenye mechi za timu ya taifa hakujifanya hana upande, na watu wake hawakumtaka ajifanye. Wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Glasgow walimchagua kuwa Rekta wao, wadhifa wa heshima ambao kwa kawaida hupewa wanasiasa na watu mashuhuri. Sidhani yupo mtangazaji wa mpira wa London aliyewahi kupewa heshima ya namna hiyo na mji wake.

Redio nayo ina sehemu yake, na huko ndiko majina mengi unayoyasikia leo yalikotokea. BBC ilifungua redio yake ya kwanza ya eneo, Leicester, tarehe 8 Novemba 1967, na Sheffield wiki moja baadaye. Redio za eneo za kibiashara zilianza 1973. John Motson alikuwa mwandishi wa gazeti la Sheffield na alipitia redio ya eneo ya mji huo kabla ya kwenda BBC ya kitaifa. Tarehe 5 Februari 1972, bado hajajihakikishia nafasi, alipelekwa kwenye mechi ya marudio ya Kombe la FA ambayo ilitarajiwa kupewa dakika chache tu, Hereford United na Newcastle United. Hereford haikuwa hata kwenye ligi. Ronnie Radford akapiga shuti la mbali kutoka kwenye tope likaingia juu ya nyavu, Ricky George akafunga la pili katika muda wa nyongeza, na mechi ya dakika chache ikawa mechi kuu ya usiku. Motson alikuwa tayari kwa sababu alizoea kuichukulia timu ndogo kwa uzito uleule wa timu kubwa. Clive Tyldesley, aliyetangaza mabao mawili ya dakika za majeruhi ya Manchester United kule Barcelona tarehe 26 Mei 1999, alikuwa ametoka Radio Trent ya Nottingham na Radio City ya Liverpool. Peter Drury, ambaye bao la Siphiwe Tshabalala la tarehe 11 Juni 2010 alilitangaza kuwa bao la Afrika nzima, alitangazia redio ya BBC ya Leeds mwaka 1990. Ukishangaa mbona anaupa uzito mkubwa mji mdogo au uwanja wa kando, kumbuka alikoanzia.

Basi kwa nini kazi ile ikafa? Wengi husema ni Sky, televisheni ya kulipia, na fedha zake. Fedha zilikuja, lakini zilikuta jeraha lipo tayari. Sababu ya kwanza ni mubashara.

Ligi iliogopa kwa miaka mingi kwamba mechi ikionyeshwa papo hapo watu watabaki nyumbani, kwa hiyo televisheni iliruhusiwa kwa kawaida kuonyesha mechi zilizorekodiwa. Mechi iliyorekodiwa inaweza kugawanywa: kila kanda inaonyesha yake saa ileile, na kila moja inahitaji mtangazaji wake. Tarehe 2 Oktoba 1983 ITV ilionyesha mubashara Tottenham na Nottingham Forest, na huo ukawa mwanzo wa mechi za ligi za mubashara kwa utaratibu wa kudumu. Mechi ya mubashara ni moja kwa nchi nzima, na mtangazaji wake ni mmoja. Pale ambapo wikiendi moja iliwapa kazi watu wengi, sasa iliwapa kazi watu wawili, mtangazaji na mchambuzi wake. Hesabu hiyo peke yake ilitosha. Vipindi vya kanda vikaendelea kwa kusuasua, ndiyo maana Helm bado alikuwa Valley Parade 1985, lakini shina lilikuwa limekatwa.

Kisha fedha zikamalizia. Mwaka 1988 ITV ilinunua ligi peke yake kwa miaka minne kwa pauni milioni 44, na mtu anayelipa kiasi hicho anataka timu kubwa zitazamwe na nchi nzima, hataki kuwagawia watu wa mashariki mechi yao na wa kusini yao. Mwaka 1992 Ligi Kuu mpya ikauzwa kwa Sky, pamoja na BBC kwa mechi zilizorekodiwa, kwa pauni milioni 304 za miaka mitano. Kanda za ITV zilibaki na mechi za daraja la chini yake kwa muda, baadhi zikirushwa Jumapili mchana kwa watu wa eneo hilo tu, na kwa kweli baadhi ya kazi nzuri kabisa za miaka ya 1990 zilifanyika hapo bila mtu kuzihesabu. Halafu kampuni zenyewe zikaanza kununuana, hadi Carlton na Granada zilipoungana mwaka 2004 kuwa ITV moja kwa Uingereza na Wales. Leseni zilibaki kwenye makaratasi. Chumba cha michezo chenye mtu anayeijua timu yako kilikuwa kimefungwa.

Nasikitika ninapoandika hivi, na sioni haja ya kulificha. Kilichopotea hakikuwa ajira za watu kumi na kitu. Ilipotea hali ya mji wenye timu ya daraja la tatu kusikia jina la beki wake wa kushoto likitamkwa sawasawa kwenye televisheni.

Swali lako la mwisho, kama njia ile ipo leo. Kwenye televisheni, haipo. Kwenye redio ipo, nyembamba. Redio za BBC za maeneo bado zinatangaza mechi za timu zao msimu mzima, nyumbani na ugenini, ingawa vipindi vyao vingine vimepunguzwa na kuunganishwa. Mwaka 2017 vilabu vingi vya madaraja ya chini vilianza kuuza matangazo yao kwa mashabiki kupitia intaneti, mara nyingi wakitumia sauti ileile ya redio ya eneo. Na tangu msimu wa 2024/25 Sky inaonyesha zaidi ya mechi 1,000 za vilabu vya English Football League, yaani madaraja matatu yaliyo chini ya Ligi Kuu, kwa msimu, hivyo idadi ya watangazaji wanaohitajika imepanda tena. Tofauti ni kwamba anayetangaza Exeter Jumanne anaweza kuwa Barnsley Jumamosi. Anazijua timu zote kwa takwimu, na si rahisi aijue hata moja kwa mwendo wa miguu yake.

Kwa hiyo kijana wa huko anayetaka kuanza anafanya kile ambacho wengi kabla yake walifanya. Anajitolea kwenye redio ya hospitali au ya jamii, anabeba vifaa vya mtu mwingine, anaomba mechi ambazo hakuna anayezitaka, za wanawake, za vijana, za vilabu visivyo na ligi kubwa. Jambo moja limemwendea vibaya kuliko Tyler na Motson: kumbukumbu ya kila kosa lake inabaki mtandaoni, wakati wao walikosea mbele ya kanda moja Jumapili moja na kurudi wiki inayofuata. Jambo moja limemwendea vizuri: rekodi za Johns, Sinstadt na Montford zinapatikana bure, na anaweza kuzisikiliza akiwa amefumba macho ili ajue ni wapi walinyamaza. Nawe zisikilize. Anza na ile ya Old Trafford ya Desemba 1978.